Ndara za mzee na Premio ya shemeji

Kwanza niseme gari haikuwa yangu. Ilikuwa ya shemeji, kaka yake mke wangu, Premio ya fedha ambayo kila Jumapili asubuhi anaiosha kama anaosha maiti, polepole, na hataki mtu aongee karibu. Idd ya kuchinja imebaki wiki moja, mbuzi wa Mbale wamepanda bei utadhani wamesoma chuo, mtu akatuambia nendeni Moroto huko mtapata nafuu. Shemeji akasema twende. Na mimi nikasema twende, ila mbuzi sikuwa nao moyoni hata kidogo. Mimi nilikuwa naenda kwa historia.

Wanaonijua wanajua. Mimi ndo yule mtu anayesimamisha gari akamuulize mchunga ng'ombe ule mlima unaitwaje na nani alikufa pale. Karamoja, huko kaskazini-mashariki mwa Uganda ambako Moroto iko, nilikuwa naitamani miaka, maana ile njia ina mambo, nusu jangwa, miiba, na kila kijilima kina hadithi yake. Nikabeba daftari, simu imejaa chaji, na maneno mawili ya Ngakarimojong, lugha ya huko, niliyofundishwa na askari mmoja wa mtaani kwetu: ejoka, ya kusalimia, na alakara, ya kushukuru. Maneno mawili tu. Kumbukeni hapo.

Tulitoka alfajiri, tukala chapati na chai Muyembe, tukaingia hifadhi ya wanyama ya Pian Upe ambako ni nyasi na nyasi tena mpaka macho yanachoka, kisha mlima Kadam ukatokea kulia na mimi nikaanza. Nikamwambia shem, unajua hawa Wakaramojong na Wateso walikuwa kitu kimoja? Wanasema walikuwa wanahama pamoja wakitoka kaskazini, walipofika huku vijana wakataka kuendelea mbele, wazee wakasema sisi basi, tumechoka, na jina limetoka hapohapo, aikar imojong, wazee wamechoka. Wale vijana nao wakaambiwa haya nendeni kwenye makaburi yenu, atesin, ndo wakawa Iteso.

Shemeji akaniambia, "Hata mimi nimechoka, na bado ni saa tatu."

Sikukata tamaa. Tulipopita Nakapiripirit nikamwonyesha Napak kule mbali kushoto, nikamwambia ule mlima ni volkano iliyokufa, 2011 walichimbua pale fuvu la nyani mkubwa wa kale, lina miaka milioni 20. Akauliza kama nyani mwenyewe aliacha mbuzi. Nikamwambia habari za Bell, yule Mskoti mwindaji wa pembe ambaye mpaka leo wanamwita Karamoja Bell, aliua tembo zaidi ya 1,000 maishani mwake. Nikamwambia habari za 1979, Amin ameanguka, askari wa kambi ya Moroto wamekimbia wameacha ghala la silaha, watu wakaingia wakajibebea bunduki kama wanavuna mahindi. Hiyo ya bunduki kidogo aliisikiliza, akapunguza mwendo, akafunga kioo.

Lakini ile iliyokuwa inaniwasha zaidi ni ya ndara. Wakaramojong wana mtabiri wao anaitwa emuron, na njia moja ya kutabiri ni kurusha ndara zake juu, zikianguka anasoma vile zimelala, hii imegeukia wapi, ile imelaliana na nani, anajua kama mvua inakuja au wezi wa ng'ombe wanakuja. Nikamwambia shem, mimi nikiona hiyo kwa macho yangu nikairekodi hata nikifa leo sawa. Astaghfirullah, mdomo huu.

Basi tukafika Moroto, dalali akatupokea, tukaacha lami tukafuata njia ya vumbi kuelekea chini ya mlima. Mbele kuna mto. Mto wenyewe wa mchanga tu, mkavu, mpana kama uwanja wa mpira, wasichana wameinama katikati wamechimba shimo, wanachota maji kidogokidogo kwa kibuyu, wanasubiri yajae tena, wanachota. Shemeji na dalali wakavuka kwa miguu kwenda kwenye manyatta, maboma yao, kuangalia mbuzi. Akaniachia funguo, akanyoosha kidole usoni pangu, "Gari usiiguse."

Jua la saa saba pale si jua, ni adhabu. Nikavumilia dakika kumi. Alafu nikaona mkwaju mkubwa ukingoni na kivuli chake chote kimeangukia mtoni, kwenye mchanga mzuri ulioshindiliwa na malori. Nikasema gari nayo ni kiumbe, itaumia. Nikaishusha mtoni. Nikafungua milango yote minne, nikalaza kiti, raha mustarehe.

Sijui nililala au vipi, nafungua macho wale wasichana wanabeba madumu yao wanaondoka mbiombio. Mimi nikajisemea wamemaliza. Akatokea mzee, shuka begani, fimbo, kile kigoda chao kidogo cha kukalia mkononi, na mguuni ndara za tairi. Nikaruka kutoka garini. "Ejoka!" Uso wake ukafunguka. Akajibu maneno mengi sana, akinyoosha fimbo kwenye mlima, kwenye gari, kwenye mlima, "ngakipi, ngakipi." Ahaa, hilo nalikisia, si ndo maji? Mzee ana kiu. Nikampa chupa yangu ya maji. Akaiangalia ile chupa, akaniangalia mimi, akanywa (jua ni jua), akaanza tena, ngakipi, ngakipi. Nikampa ya pili, ya shemeji.

Sasa sikieni. Mzee akashusha pumzi, akainama, akavua ndara moja, akaitupa chini. Akavua ya pili, akaitupa. Akainama akaziangalia.

Moyo ulisimama. Nikatoa simu nikaanza kurekodi na kutangaza kama mpira wa redio, ndugu watazamaji tuko Moroto chini ya mlima wa mita 3,083 na mnayoyaona hapa si maigizo. Mzee akaokota ndara, akazigonganisha, akasema kitu. Kwa kuwa pembe ya kamera haikuwa nzuri nikamwomba kwa ishara arudie. Akarudia! Mara ya tatu akasema maneno kwa ukali kabisa, akavaa ndara, akapanda ukingo kama kijana, akakaa kwenye kigoda chake kule juu akaniangalia. Mimi nikasema alakara, alakara, naangalia video yangu machozi yananilenga.

Ndo nikasikia kitu kama lori linakuja. Nikageuka kuangalia barabarani, hakuna lori. Nikageuka mtoni.

Si ukuta wa maji kama watu wanavyodhania. Ni ulimi, wa rangi ya chai ya maziwa, povu mbele, umebeba vijiti na ndara moja ya mtoto, na nyuma yake mto wote. Juu mlimani mawingu meusi tii, mvua imenyesha kule sisi huku tunaungua. Nikapiga stati, gari ikaguna, matairi ya mbele yakachimba mchanga, na milango yote minne wazi kama nakaribisha wageni. Maji yakaingia kulia yakatoka kushoto. Nikatoka na simu juu ya kichwa, viatu vyangu vikaelekea Kenya, najua Kenya iko upande ule mwingine lakini vilivyokuwa na haraka hata Kenya vingefika.

Shemeji alitokea ng'ambo ya pili, ameshika mbuzi kwa kamba. Hakupiga kelele. Alikaa tu chini, yeye na mbuzi.

Maji yaliisha ndani ya saa moja na nusu hivi, mchanga ukabaki umejaa mpaka kwenye dashibodi. Vijana kumi na mbili wakaivuta kwa kamba, elfu mia na hamsini baada ya kulia sana, yaani mbuzi watatu wakawa wawili. Na pale tunahesabu pesa, yule mzee akashuka, akasema kwa Kiswahili safi cha kambini, "Mimi nilikwambia ondoa gari. Nilikwambia mara tatu."

Nikamwambia mzee wangu, kumbe unajua Kiswahili!

"Wewe ndo ulinisalimia kwa Ngakarimojong. Nikajua unasikia."

Nikamuuliza sasa zile ndara, zilisema nini? Akauliza ndara gani. Nikamwonyesha video. Akaiangalia yote, taratibu, amekunja uso.

"Nilikuwa nakung'uta mchanga."

Na hiyo video ndo iliyonimaliza. Siku ya Idd shemeji aliunganisha simu kwenye TV, sebule imejaa mpaka mama mkwe, na kwa ile spika kubwa kila kitu kikasikika. Mara ya tatu mzee hakusema Ngakarimojong. Alisema, wazi kabisa, "We kijana, toa gari, mto unakuja." Na juu yake sauti yangu, imejaa unyenyekevu: "Hapo sasa anamwita Akuj, Mungu wao."