Nchi ya Sinzia na saa zake za kihuni

Jamani mi nina ugomvi na usingizi wa mchana. Wa usiku sina neno nao, unalala usiku unaamka asubuhi, hesabu inakubali. Huu wa mchana ndo mhuni. Unajiegesha kwenye kochi saa nane, unajiambia dakika 20 tu nipumzishe macho, ukija kushtuka nje giza, kola imeloa udenda, mguu wa kushoto umekufa ganzi na hujui kama ni leo au kesho.

Nimelifikiria sana hili jambo (sina kazi nyingine ya maana) nikagundua mtu akilala mchana halali, anasafiri. Kuna nchi huko inaitwa Sinzia. Ukifumba macho tu ushavuka mpaka, hakuna pasi wala kukaguliwa begi, ila getini kuna mzee kakaa kwenye kigoda na mizani yake, ndo mbadilishaji wa muda. Unampa muda wako wa huku, anakupimia wa kule. Na yule mzee ni tapeli, nasema hata akinisikia.

Juzi nilikuwa nasubiri simu ipate chaji, nikaiacha asilimia 61, nikafumba macho kidogo. Kule nikaishi miaka kumi na moja! Kuna mto unapanda mlima badala ya kushuka, nikaajiriwa kuhesabu samaki wanaopita, na wote wamevaa viatu vya mguu wa kushoto tu, nikipoteza hesabu naanza upya. Nikaoa kulekule. Nikapanda cheo, nikakosana na bosi ambaye ni bundi, akanishtaki eti nimehesabu samaki mmoja mara mbili, kesi ikaenda miaka minne, nikashinda, hakimu akasema fidia yangu nikaichukue kesho saa tatu. Kushtuka naangalia simu, asilimia 63. Miaka kumi na moja kwa asilimia mbili za chaji! Nimerudi nimechoka kuliko nilivyoenda, na fidia sijaiona mpaka leo. Nikafumba macho fasta niwahi kabla ofisi haijafungwa, mzee akaniingiza mlango mwingine, nikajikuta kwenye mtihani wa hesabu sina suruali.

Sasa siku ukiwa umechoka kwelikweli, unataka hata wiki moja ya Sinzia, anageuza mizani. Nilimpa masaa manne mazima. Akanipa sekunde tatu. Nimefumba, nimefumbua, basi, hata ndoto ya kusingiziwa hakuna. Chenji yangu iko wapi?

Na saa zetu nazo zinashirikiana naye. Asubuhi kuna saa kumi na mbili, jioni kuna saa kumi na mbili, na mwanga wa dirishani uleule, hujui kama unakuja au unaondoka. Nikakurupuka, mswaki, shati la kazini, viatu mkononi, nje nikamkuta bibi jirani kakaa barazani. "Shikamoo bibi, umeamkaje?" Akaniangalia weee, akaangalia jua linavyozama. "Marahaba mwanangu. Niliamka salama, ila hiyo ilikuwa asubuhi." Tulivyokuwa wadogo angalau walikuwa wanatudanganya wenzetu, unaamshwa jioni "we umechelewa shule!", unavaa sare unatoka mbio na begi halijafungwa, kumbe wako nyuma ya mlango wanacheka mpaka wanakaa chini. Sasa hivi hakuna wa kunidanganya, ndo najidanganya mwenyewe, mtu mzima na mvi zangu.

Wataalamu wana majibu yao. Eti usipitishe dakika 20 hivi, kwa sababu ukizidisha unazama kwenye usingizi mzito, na ukitolewa humo ghafla ubongo unachelewa kuwaka, mzunguko mzima wa usingizi unakaribia dakika 90. Sawa, nimeelewa. Nani ataniamsha hiyo dakika ya 20? Alamu? Alamu ikilia huku, kule Sinzia inageuka kengele ya harusi ya watu wengine kabisa, nawapigia makofi nakaa. NASA waliwahi kuwapa marubani wa safari ndefu dakika 40 za kupumzika, wakalala wastani wa dakika 26 na wakaamka wachangamfu. Hao wana sare bwana, mzee wa getini anaogopa sare.

Kuna Mfaransa anaitwa Michel Siffre, mwaka 1962 alijifungia pangoni chini ya ardhi kama miezi miwili, hana saa wala jua. Alipotoka tarehe 14 Septemba yeye kwenye hesabu zake ilikuwa bado 20 Agosti. Siku 25 zimeliwa hivihivi. Wale vijana wa pangoni kwenye Qurani waliolala miaka 309 wakadhani ni siku moja au sehemu ya siku siwasemi, ule ulikuwa muujiza. Lakini hawa wote angalau walikuwa pangoni! Mi nilikuwa kwenye kochi, mlango wazi, redio inaongea.

Basi jana nikasema hapana, fidia yangu lazima. Nikaandika namba ya kesi kwenye kiganja kwa peni, nikalalia ubavu saa nane kamili. Nikafika mpaka mahakamani, foleni fupi, karani kaniomba namba. Nafungua kiganja, inasoma 417. Natazama tena, 86. Natazama tena, kuna picha ya samaki. Karani kafunga dirisha.

Nikaamka saa kumi na mbili, sijauliza ipi. Nikatoka nje kupunga upepo, bibi jirani akaniita nisogee, akavaa miwani, akanishika kidevu kanigeuza kwenye mwanga. "Mwanangu, mbona una namba shavuni, tena imeandikwa kinyumenyume?"