Tambi Baridi Si Kiporo

Jumamosi iliyopita nililipa shilingi 22,000 kwa sahani ambayo menyu iliiita "saladi baridi ya tambi ya Kiasia, yenye pilipili". Nilicholetewa ni spageti zilizopikwa hadi zikalegea, zikalazwa kwenye friji zikawa bonge, kisha zikamwagiwa sosi nyekundu ya chupa, tamu kama jamu, ambayo haikushika popote bali ilielea juu ya maji yaliyojikusanya chini ya sahani. Juu yake kulinyunyizwa ufuta, nadhani ili Asia ipatikane. Nilikuwa nimemwalika shangazi yangu kwa mbwembwe zote, nikimwahidi kwamba siku hiyo angeonja chakula kilichoniweka hai kwa miaka minne ya masomo mjini Chengdu. Aliinua uma, akautazama ukidondosha maji, akaniuliza kwa upole ambao ni yeye tu anaoujua: "Mwanangu, kumbe ulipelekwa China kula viporo?"

Sikuweza kumjibu, kwa kuwa kilichokuwa mezani kilikuwa kiporo kweli. Kiporo ni chakula kilichopoa kwa sababu kimeachwa. Tambi baridi za Sichuan, jimbo la China ambalo Chengdu ni mji wake mkuu, ambazo wenyewe huziita liangmian, zimepozwa kwa makusudi na mtu aliyesimama juu yake akitoka jasho, na kwa sababu ya tofauti hiyo nimekaa siku tatu nikiandika makala haya kichwani kabla ya kuyaandika hapa.

Kwanza nimalizane na neno "Kiasia". Asia hiyo ni ipi? Mkorea anayeandaa bibim guksu huchemsha tambi nyembamba za ngano, huzitumbukiza kwenye maji baridi, huzisugua kwa viganja kama mtu anayefua leso hadi wanga wa juu utoke, kisha huzikamua. Mjapani huzifanyia tambi zake za soba karibu vivyo hivyo. Muuza tambi wa Chengdu, ukimwambia azioshe tambi zake baada ya kuziivisha, atakutazama kama wewe utakavyomtazama mtu anayeosha pilau. Hizo ni njia mbili zinazopingana, kila moja ina sababu yake, na mpishi anayeandika "ya Kiasia" anatangaza tu kwamba hajui anafuata ipi. Mgahawa wetu haukufuata hata moja: ulichukua maji ya Mkorea bila kukamua kwake, ukaongeza friji kutoka kwenye akili yake wenyewe.

Karibu na lango la chuo chetu kulikuwa na mama mmoja mwenye kibanda kisichozidi upana wa meza mbili, ambaye sisi wanafunzi tulimwita ayi, kama ambavyo hapa tungemwita shangazi au mama mdogo. Joto la Chengdu la mwezi Julai ni joto la Dar es Salaam la mwezi Februari, lile la unyevu, ambalo humfanya mtu aikatae sahani ya moto hata kama ana njaa. Ayi alizitoa tambi kwenye maji yanayochemka kabla hazijaiva sawasawa, akazichuja, akazimwaga juu ya meza ya bati, akazinyunyizia mafuta, kisha akaanza kuzigeuza kwa vijiti virefu: anazinyanyua hadi usawa wa uso wake, anaziachia zianguke, anazinyanyua tena, huku feni ya sakafuni ikizipuliza kwa nguvu zake zote. Mvuke ulizitoka kama unavyoitoka nguo mbichi inayopigwa pasi. Mvuke ulipokwisha, kila uzi wa tambi ulikuwa umejitenga na mwenzake, mkavu, unang'aa, na bado una ukinzani kidogo chini ya jino.

Naomba msomaji anivumilie nikae hapa, kwa sababu hapa ndipo chakula chote kilipo, na hapa ndipo watu wengi hukosea kisha wakazilaumu chupa za sosi. Tambi iliyotoka jikoni ina moto ndani yake, na moto huo unaendelea kuipika hata ikiwa nje ya sufuria. Ndiyo maana inatolewa mapema, dakika moja na nusu au mbili kabla ya muda ulioandikwa kwenye pakiti. Feni inafanya kazi mbili kwa wakati mmoja: inaukata ule upishi wa ziada, na inayaondoa maji ya juu yakiwa mvuke. Mafuta nayo yanauzuia wanga usigeuke gundi. Ukishamaliza, una tambi ambayo ngozi yake ni kavu na ina kiu, na sosi yenye mafuta, siki na kitunguu saumu ikiifikia, inashika. Ukiziosha kwa maji ya bomba halafu ukazichuja kwa haraka, kila uzi unabaki umevaa koti la maji, na mafuta hayana urafiki na maji. Sosi itateleza hadi chini ya bakuli, nawe utakula tambi chapwa kwanza na kunywa pilipili baadaye. Friji ni balaa jingine, kwa sababu wanga uliopikwa hukakamaa upesi zaidi katika baridi ya friji, kama kila aliyewahi kuuweka ugali humo anavyojua. Neno "baridi" katika jina la chakula hiki lina maana ya joto la chumba, wala halina uhusiano na barafu.

Nitakiri jambo moja, ingawa sipendi kumpa shangazi ushindi wa bure. Wasiwasi wake juu ya vyakula vya wanga vilivyopoa una msingi, maana wali na tambi zilizoachwa saa nyingi kwenye joto huota bakteria aitwaye Bacillus cereus, na sumu anayoiacha haiondoki hata ukipasha moto upya. Lakini hiyo ni sababu nyingine ya kutumia feni: tambi za ayi zilipoa ndani ya dakika kama kumi na ziliisha kabla ya jua kuzama. Pika za siku hiyo, zile siku hiyo.

Nyumbani sina meza ya bati. Ninatumia sinia kubwa la pilau na feni ya chumbani, ambayo huwa naihamishia jikoni huku familia ikilalamika. Tambi mbichi za Kichina zinapatikana kwa shida, kwa hiyo hutumia spageti nyembamba, gramu 400 kwa watu wanne, na hapa kuna ujanja ambao bibi zetu wangeuelewa mara moja. Tambi za kule mara nyingi hukandwa kwa maji yenye magadi, kitu cha ukoo ule ule wa magadi tunayotia kwenye kande na mlenda, na ndiyo yanayozipa rangi ya manjano na ule mnyumbuko wake. Spageti zikichemshwa kwenye maji yenye soda ya bikaboneti, kijiko kimoja na nusu cha chai kwa kila lita, husogea karibu kabisa na tabia hiyo. Mara ya kwanza nilitumia sufuria ndogo, nikajaza maji hadi juu, nikatia soda na kugeuka kutafuta chujio. Niliporudi, povu lilikuwa limeshafika sakafuni na jiko limezimika. Tumia sufuria kubwa.

Sasa pilipili. Wapo wanaodhani Wachina walizaliwa nayo, ilhali mmea huu ni wa bara la Amerika, na China iliupokea mwishoni mwa karne ya 16. Cha Sichuan wenyewe, cha tangu zamani, ni huajiao, ambayo si pilipili wala pilipili manga. Ni maganda makavu ya tunda la mti wa ukoo wa michungwa. Kwa ajili ya ukoo huo Marekani ilipiga marufuku kuiingiza nchini kuanzia 1968 hadi 2005, ikihofia ugonjwa wa michungwa. Haiwashi. Inatia ganzi, tena ganzi inayotetemeka. Mwaka 2013 watafiti wa University College London waliwapaka watu huajiao midomoni, wakawataka waulinganishe mtetemo wanaousikia na ule wa kifaa kilichowekwa kwenye kidole, na jibu likawa takriban mitetemo 50 kwa sekunde, ambayo kwa bahati nzuri ndiyo masafa ya umeme wa majumbani kwetu. Asiyewahi kuionja achukue hivyo: ni kama kulamba betri yenye harufu ya limau. Haina mbadala. Vingine vyote katika chakula hiki vinaweza kupatanishwa na soko la karibu, lakini hii muagize anayesafiri akuletee, uikaange bila mafuta kwa moto mdogo, utupe mbegu nyeusi ambazo ni kama mchanga mdomoni, kisha usage maganda peke yake.

Mafuta ya pilipili yatengenezwe jana yake. Ninatwanga pilipili kavu, nusu bakuli, iwe chenga na isiwe vumbi. Pilipili kichaa niliijaribu na sirudii, kwa sababu inawasha bila kunukia. Ninapasha mafuta ya alizeti, vikombe viwili, pamoja na kipande cha tangawizi na jani la kitunguu, ninavitoa vikishaungua, kisha ninaepua na kungoja. Ninatupia chenga moja kwenye mafuta: ikigeuka nyeusi, ninangoja zaidi; ikichemka kwa furaha na kubaki nyekundu, ninamimina theluthi moja, ninakoroga, ninapumzika kidogo, ndipo ninamalizia. Anayemimina yote kwa pupa atapata mkaa mchungu.

Ufuta ndio ulionifurahisha zaidi. Ufuta wa Lindi na Mtwara hununuliwa kwa wingi na Wachina, na sisi tunakwenda supamaketi kununua kichupa cha ufuta uliosagwa kutoka ng'ambo kwa bei ya kuku. Kaanga wako hadi uwe na rangi ya kahawia, usage ukiwa bado na moto hadi utoe mafuta yake, basi. Vijiko viwili vya huo, vitatu vya sosi ya soya, viwili vya siki nyeusi, viwili vya sukari, punje sita za kitunguu saumu zilizotwangwa na kulowekwa kwenye maji kidogo, nusu kijiko cha chai cha huajiao, na mafuta ya pilipili vijiko vinne pamoja na masimbi yake. Ukikosa siki nyeusi, ya kawaida itafaa, ingawa moyo wangu unakataa. Chini ya bakuli laza chipukizi za choroko zilizopitishwa kwenye maji ya moto na tango lililokatwa nyuzi nyuzi, tambi zifuate, sosi imiminwe mwisho, na uchanganye mwenyewe pale unapoanza kula.

Jumatano jioni nilimpikia shangazi. Alisimama mlangoni mwa jikoni akiniangalia nikirusha spageti mbele ya feni, akasema kwamba amezeeka na sasa ameona kila kitu. Alikula bakuli lake lote, akafuta jasho, akagusa midomo yake mara mbili tatu kuhakikisha kwamba bado ipo, kisha akaomba chupa ya mafuta ya pilipili yaliyobaki aende nayo kwake, kwa ajili ya mihogo ya kukaanga. Tambi zenyewe bado anaziita kiporo.