Ska Inakwisha Kabla ya Albamu

Wapo wapenzi wa muziki ambao ukiwatajia albamu ya mkusanyiko wanakutazama kama mtu aliyeomba asimuliwe kitabu badala ya kukisoma. Kwao albamu halisi ni ile iliyorekodiwa kama kazi moja. Mkusanyiko ni ujanja wa lebo wa kuuza mara ya pili kilichokwisha kuuzwa. Kwa bendi nyingi nakubaliana nao. Kwa The Specials, bendi ya ska ya Coventry, Uingereza, hapana. Mkusanyiko wa singo zao uliotoka mwaka 1991 unazishinda albamu zao zote, na asiyewajua ningemwambia aanzie hapo.

Sisi tuliokulia kwenye zilipendwa hatuhitaji kubembelezwa kuhusu hili. Bendi zetu za dansi zilirekodi wimbo mmoja mmoja, ama redioni ama kwa ajili ya santuri ndogo, na nyingi tumezijua kupitia mikusanyiko iliyokuja miaka mingi baadaye. Sijasikia mtu akidai kwamba kwa sababu hiyo hatuzijui.

Na The Specials walikuwa bendi ya santuri ndogo hasa. Albamu yao ya kwanza, ya mwaka 1979, ilitayarishwa na mwanamuziki Elvis Costello, na ya pili ikafuata 1980. Lakini toleo la Uingereza la albamu ile ya kwanza halina "Gangsters", wimbo uliowatambulisha. "Ghost Town", kazi yao kubwa kuliko zote, haimo katika albamu yoyote kati ya hizo mbili. Mtu anayejisifu kusikiliza "albamu halisi" peke yake anaikosa bendi yenyewe.

Turudi nyuma kidogo, maana ska haikuzaliwa Uingereza. Ilizaliwa Kingston, Jamaika, mwishoni mwa miaka ya 1950, wanamuziki walipoichukua ridhimu na bluzi ya Wamarekani weusi na kuligeuza gitaa likate katikati ya mapigo badala ya juu yake. Jamaika ilipopata uhuru Agosti 1962, huo ndio uliokuwa muziki wa mjini. Kufikia 1966 mwendo ulipoa ukawa rocksteady, kisha rege. Wajamaika waliohamia Uingereza walikuwa wamebeba santuri zao, na mwaka 1979 vijana wa Coventry, weusi na weupe, wakiongozwa na mpiga kinanda Jerry Dammers, waliufufua mdundo ule kwa kasi na hasira ya punk, ile roki ya fujo ya vijana wa wakati huo. Lebo yao, 2 Tone, ilijulikana kwa miraba myeusi na myeupe na mchoro wa mwanamume aliyevaa suti, uliochorwa kutokana na picha ya Peter Tosh, mwanamuziki wa rege wa Jamaika.

Hapa nina lalamiko. "Gangsters" imejengwa juu ya "Al Capone" ya Mjamaika Prince Buster. "A Message to You, Rudy" ni ya Mjamaika mwingine, Dandy Livingstone, ya mwaka 1967. "Guns of Navarone" ilikuwa imekwisha kupigwa kwa ska na The Skatalites, bendi ya Jamaika, katikati ya miaka ya 1960. Msikilizaji mgeni anaweza kuumaliza mkusanyiko mzima akiamini vijana wa Coventry ndio waliobuni yote haya. Anayewatetea vizuri zaidi ni mpiga tromboni Rico Rodriguez: tromboni unayoisikia kwenye "Rudy" ya The Specials ni yake, na ile ya Livingstone miaka 12 kabla ni yake pia. Walimtafuta mzee mwenyewe wakampa nafasi ya mbele. Hilo nawapa.

"Too Much Too Young" ilifika namba moja Uingereza mwanzoni mwa 1980, nami huwa nairuka. Inachangamka, sikatai, lakini ni kijana anamsuta msichana aliyezaa mapema, na baba wa mtoto haulizwi kitu. "Rat Race" inawakejeli wanafunzi wa chuo waliolelewa kwa raha. Inachekesha ukijua kwamba Dammers na mpiga besi Horace Panter walijuana wakiwa wanafunzi wa Lanchester Polytechnic, pale pale Coventry. (Walau aliyeitunga ni mpiga gitaa, Roddy Byers.)

Sasa zisikilize kwa kufuata miaka, usikie jambo ambalo albamu moja moja haiwezi kukuonyesha: bendi inaiacha ska taratibu, na kadiri inavyoiacha ndivyo inavyozidi kuwa na la kusema. Katika "Stereotype" ya 1980 zile mbio zimekwisha, umebaki muziki wa kinafiki wa ukumbi wa hoteli. "Do Nothing" inatembea kwa uvivu wa mtu asiye na kazi ya kuiwahi asubuhi.

Halafu inakuja "Ghost Town". Ilitoka Juni 1981. Dammers ameeleza kwamba wakiwa ziarani aliona maduka yaliyofungwa, na huko Glasgow akakuta wanawake wazee wakiuza vyombo vyao vya nyumbani barabarani. Coventry kwenyewe viwanda vya magari vilikuwa vinapunguza watu, na mwanzoni mwa 1982 wasio na ajira nchini Uingereza walipita milioni 3. Wimbo hautaji takwimu yoyote. Kinanda kinapanda na kushuka kama cha sinema ya mizimwi, tromboni ya Rico inalia kwa mbali, na sauti zinasema kumbi za dansi zimefungwa. Katikati unafunguka ghafla kwa furaha kuzikumbuka siku za zamani, kisha furaha inafungwa, unarudi gizani. Brixton, kitongoji cha London, ilikuwa imekwisha kuwaka kwa ghasia mwezi Aprili. Wimbo ulipokaa namba moja kwa wiki tatu mwezi Julai, Toxteth ya Liverpool na vitongoji vya miji mingine vilikuwa vinawaka.

Upande wa pili wa santuri hiyo hiyo kuna "Why?" ya Lynval Golding, mpiga gitaa mwingine wa bendi, mzaliwa wa Jamaika, aliyoitunga baada ya wabaguzi kumshambulia London mwaka 1980. Anawauliza tu, bila matusi: kwa nini mlitaka kuniumiza? Huo ndio wimbo ninaourudia kuliko yote.

Baada ya hapo bendi ilivunjika. Waimbaji Terry Hall na Neville Staple, pamoja na Golding, waliondoka kuunda Fun Boy Three, na Dammers akaendelea na wengine kwa jina la The Special AKA. "Racist Friend" ya 1983 inakuamuru uvunje urafiki na mbaguzi, hata kama ni ndugu yako. Ujumbe ni sahihi, wimbo ni hotuba. "Nelson Mandela" ya 1984 ilikwepa mtego huo. Dammers alikuwa amehudhuria tamasha la miaka 65 ya Mandela, London, 1983, akatoka na kiitikio ambacho hata mtoto anakishika mara moja, juu ya tarumbeta zenye harufu ya Afrika Kusini. Kwetu Mandela alikuwa mtu wa karibu. Alipita Dar es Salaam mwaka 1962 akaonana na Nyerere, na wakati wimbo huu unatoka ANC walikuwa na shule yao Mazimbu, Morogoro. Vijana wa Uingereza walikuwa wanapelekewa jina hilo kwenye disko, na wakalicheza. Mkusanyiko ulipoingia madukani mwaka 1991, Mandela alikuwa ameshatoka gerezani.

Wenye msimamo mkali wanasema wimbo huo si wa The Specials, kwa sababu waimbaji wamebadilika, na si ska. Yote mawili ni kweli. Ndiyo maana nataka ubaki humo humo kwenye mkusanyiko, karibu na "Gangsters", ili isikike ni umbali gani Dammers alitembea kwa miaka mitano. Anayetaka ska tupu, santuri za The Skatalites zipo.