Doom ya mjomba imewaka tena, na nina neno

Mwezi uliopita dada yangu, binti wa marehemu mjomba, alikuja dukani kwangu hapa Mwanga, Kigoma, na bajaji. Kiti cha nyuma alikuwa amepakia kompyuta ya baba yake, ile iliyokuwa rangi ya maziwa ikageuka njano, pamoja na kioo chake kizito chenye mgongo.

"Kaka, hii ya skrepa," akaniambia. "Nyumba ya Ujiji tunaipangisha, lazima vitu vitoke. Chukua unachotaka, kinachobaki wapimie kilo."

Sikuipeleka kwenye mizani. Mashine hiyo ndiyo iliyonifanya niwe fundi. Mjomba aliinunua mnadani mwishoni mwa miaka ya tisini, wakati shirika moja lililokuwa likihudumia wakimbizi lilipouza vifaa vyake vya ofisi. Ilikuwa 486, aina ya chipu za kompyuta za enzi hizo, yenye memori ya megabaiti 8. Umeme wa mji wetu siku hizo ulitoka kwenye majenereta ya dizeli, na usiku ambao haukukatika ulikuwa usiku wa Doom. Mjomba anakaa kwenye kiti, sisi watoto tunajipanga nyuma yake, na kila mlango unapofunguka mtu mmoja lazima apige kelele.

Kwa ambaye hakuikuta: Doom ilitoka tarehe 10 Desemba 1993, kazi ya id Software, kampuni iliyokuwa na watu wachache huko Texas, Marekani. Ni gemu ya kupiga risasi ambayo humwoni askari unayemwendesha, unaona anachokiona yeye, na bunduki imesimama katikati ya kioo. Sehemu ya kwanza, yenye ramani 9, ilitolewa bure na kila mtu aliruhusiwa kumnakilia mwenzake. Sehemu mbili zilizofuata ndizo zilizolipiwa. Hiyo ya bure ilisafiri diski kwa diski, mkono kwa mkono, mpaka ikafika kwetu mwisho wa reli.

Nilifungua kasha. Vumbi la Ujiji la miaka ishirini. Bodi ilikuwa imekufa, kapasita zimevimba, lakini diski yake ya kuhifadhia mafaili (hard disk) nilipoichomeka kwenye waya wa kuunganishia USB ilinguruma kidogo kisha ikatulia. Hizi za zamani zina pini 40, na ni vizuri kila fundi awe na huo waya, kwa sababu kumbukumbu za watu zimelala humo. Windows ikaisoma. Folda zote zilikuwepo. Barua za mjomba, mahesabu ya shamba la michikichi, na folda moja iliyoandikwa DOOM.

Nikabofya faili la kuanzisha gemu. Windows ikajibu kwamba programu hii haiwezi kufanya kazi kwenye kompyuta yako, basi. Wengi huishia hapo na kusema gemu imezeeka. Gemu haijazeeka. Doom iliandikwa kwa ajili ya DOS, mfumo wa kuendeshea kompyuta wa kabla ya Windows, na Windows za biti 64 hazikubebeshwa tena kile kipande kilichokuwa kikiendesha programu za DOS. Ni kama kumpigia simu mtu aliyehama: yuko mzima, ila mlango unaogonga si wake.

Njia ya kwanza niliyopita ni DOSBox. Hii ni programu ya bure inayojifanya kuwa kompyuta nzima ya zamani ndani ya ile mpya, na kadi yake ya sauti humohumo. Unaielekeza kwenye folda, unaandika jina la gemu, inawaka. Mwanzoni ilisuasua, sauti ikawa inakatikakatika kama redio yenye betri zinazoisha. Nikashika Ctrl na kubonyeza F12 mara kadhaa kuiongezea kasi, ikakaa sawa. Kisha kwa mazoea ya vidole, bila hata kufikiri, nikabonyeza F3, kitufe cha kufungua mchezo uliosevu.

Kuna nafasi 6 za kusevu. Nne zilikuwa tupu. Ya kwanza iliandikwa WATOTO. Ya tatu iliandikwa MJOMBA MSIGUSE.

Nilitoa mkono kwenye kibodi. Mjomba ametangulia mbele ya haki tangu 2011. Nikampigia dada simu, nikamwambia aje, na aje na mwanawe.

Wakati nawasubiri nilibadili njia, na hapa ndipo penye neno langu. DOSBox inakupa mashine ya kale, lakini ipo programu nyingine inaitwa Chocolate Doom, ambayo ni Doom yenyewe, imetengenezwa upya kwa kompyuta za leo kutoka kwenye msimbo uleule wa asili, yaani maandishi ya mwandishi wa programu. Haihitaji DOS. Unaiwekea faili moja tu la zamani, DOOM1.WAD, lenye ramani, picha, sauti na muziki wote. Faili hilo lina megabaiti 4. Picha moja ya simu ya leo inaweza kufika hapo.

Hili liliwezekana kwa sababu ya mambo mawili waliyoyafanya watu wa id Software. La kwanza, waliijenga Doom kama treni. Kichwa ni programu inayovuta, mabehewa ni lile faili la WAD. Sisi watu wa Kigoma tunalielewa hili haraka: behewa lililotoka Dar linaweza kubadilishiwa kichwa Tabora na abiria asishuke na begi lake. Kichwa cha 1993 hakiwezi tena kupita kwenye reli za leo, lakini mabehewa ni yaleyale, yanasubiri kichwa kingine.

La pili ni kubwa zaidi. Tarehe 23 Desemba 1997 John Carmack, aliyeongoza uandishi wa programu hiyo, aliuweka msimbo wake hadharani. Miaka miwili baadaye, 1999, wakaupa leseni ya GPL, ambayo inamruhusu yeyote kuuchukua, kuurekebisha na kuugawa, mradi naye asiufungie wenzake. Ramani na picha bado ni mali ya kampuni, na anayetaka sehemu zilizobaki anunue, ni haki yao. Kwa asiye na uwezo upo mradi wa Freedoom, ambao watu wamechora upya picha, sauti na ramani zote ili uwe na gemu kamili isiyo na deni la mtu.

Kuna habari ndani ya habari hiyo ambayo napenda kuwasimulia vijana wanaojifunza kazi kwangu. Msimbo uliotolewa ulikuwa wa Linux, mfumo mwingine wa kuendeshea kompyuta, siyo wa DOS ambayo dunia nzima iliitumia. Sababu ni kwamba kipande cha sauti cha toleo la DOS kilikuwa mali ya mtu mwingine, wao walikikodi tu, kwa hiyo hawakuwa na ruhusa ya kukitoa. Carmack mwenyewe aliandika siku ile kwamba kukitumia lilikuwa kosa. Kipande kimoja cha kuazima, na wenye nyumba wakashindwa kufungua mlango wao.

Turudi kwenye kuiwasha, maana kuna mambo mawili madogo yanayowakwaza watu. Picha ya Doom ina nukta 320 kwa 200, lakini vioo vya zamani vilikuwa na umbo la 4 kwa 3 na viliivuta picha hiyo kwenda juu. Ukiijaza kwenye kioo kipana cha leo, kila mtu anakuwa mnene kama ameketi juu ya mfuko wa mahindi. Acha mistari myeusi pembeni, Chocolate Doom inalijua umbo lile na inalilinda. La pili ni mausi. Katika gemu hii ukisukuma mausi mbele, askari anatembea mbele, hatazami juu, kwa sababu mwaka 1993 hapakuwa na kutazama juu wala chini. Mtoto aliyezoea gemu za sasa anajikuta anajigonga ukutani na kukata tamaa. Fungua programu ndogo ya mipangilio inayokuja nayo, nenda sehemu ya mausi, ondoa alama ya mwendo wa wima. Imekwisha.

Wapo wanaopenda Crispy Doom, inayoongeza ukali wa picha na kuufanya mwendo uwe laini kuliko fremu 35 kwa sekunde za asili. Ni nzuri. Mimi nashauri uanze na ile ya kawaida, uione kama ilivyoonekana, na muziki uuache kwenye mlio wa OPL, ule wa chipu za kadi za sauti za zamani. Uliposikika dukani, fundi wa simu wa jirani aliingia kuuliza ni wimbo gani.

Sasa niseme linaloniuma. Wiki hiyohiyo mfanyabiashara mmoja wa dagaa wa Kibirizi, mzee ninayemheshimu, aliniletea kompyuta yake. Ndani yake mna hesabu za miaka saba: nani alichukua magunia mangapi, nani alilipa, nani bado anadaiwa. Programu aliyouziwa kwa fedha nzuri lazima kila ikiwaka iwasiliane na waliomuuzia ili ihakiki leseni. Wauzaji hawapo tena, simu yao haipokelewi, na programu haifunguki. Nimehangaika nayo siku tatu. Hesabu zipo, naziona kama faili, ila zimeandikwa kwa namna ambayo hakuna programu nyingine inayoisoma. Nilimwambia ukweli, "Mzee, nimeshindwa," naye akainuka bila neno, akavaa kofia yake.

Doom ya bure ya zaidi ya miaka thelathini inawaka kwa dakika kumi. Daftari la mzee wa watu, lililolipiwa, halifunguki. Sikubali kwamba hiyo ni bahati mbaya. Mmoja aliacha ufunguo, mwingine aliondoka nao mfukoni.

Kwa hiyo nawaomba wanaonunulia programu shule zetu, SACCOS zetu, zahanati na parokia, kabla ya kusaini wamuulize muuzaji kwa kinywa kipana: siku ukifunga ofisi, data zangu nitazitoa vipi, na nani mwingine ataweza kuzisoma? Akibabaika, mwache. Nanyi wadogo zangu mnaosoma kompyuta vyuoni na kuanza kuandika mifumo ya kuuza, tenganisheni kichwa na mabehewa tangu siku ya kwanza. Data ya mteja ikae kwenye faili linaloeleweka. Mkichoka na kazi, au biashara ikifa, uwekeni msimbo hadharani. Haitawapunguzia kitu mlichokwisha kukila.

Na kwa wazazi: Doom ina damu, si ya mtoto mdogo. Kwangu hachezi aliye chini ya kidato cha pili, na mama yake awe anajua.

Dada alifika na kijana wake jioni, jua limeshaanza kushuka upande wa Kongo. Nilikuwa nimenakili faili la mjomba, linaitwa DOOMSAV2.DSG, kwa kuwa gemu inahesabu kuanzia sifuri, na Chocolate Doom ililikubali bila swali. Nikabonyeza. Ramani ya 7, Computer Station. Afya asilimia 43, risasi za shotigani 11, uso wa askari pale chini una damu puani. Alikuwa amesimama mbele ya mlango wenye fremu ya njano.

Dada hakusema kitu kwa muda. Halafu akacheka kidogo, "Baba alituita tukale, akaacha hapa. Hakurudi."

Kijana akavuta kiti, akabonyeza kufungua mlango. Gemu ikagoma, ikamwambia anahitaji ufunguo wa njano. Akatugeukia.

"Mjomba, uko wapi huo ufunguo?"

Nikamwonyesha kwanza jinsi ya kusevu kwenye nafasi ya 4, ile ya tatu tusiiguse. Kisha tukaanza kuutafuta.