Tairi Lile Lile Linawaka Tena

Kinachonikera katika taarifa za habari za televisheni, kila nchi inapoingia katika machafuko ya kisiasa, ni ile picha moja ya tairi linalowaka ambayo hurudiwa tangu jioni hadi usiku wa manane, huku maandishi mekundu chini ya skrini yakisisitiza kwamba hizi ni habari za hivi punde. Juzi nilimhesabu kijana yule yule mwenye fulana ya kijani akirusha jiwe lile lile mara sita kabla mtangazaji hajatamka waandamanaji wanadai nini.

Kisha huletwa mchambuzi, aghalabu akiwa mbali kabisa na nchi husika, naye huulizwa kwanza kuhusu bei ya mafuta. Mwaka 2011, Wamisri walipofurika katika Uwanja wa Tahrir jijini Kairo kuanzia tarehe 25 Januari, nilichosikia kila usiku kilikuwa hatima ya Mfereji wa Suez, njia ya meli inayokatiza Misri, na mafuta ghafi ya Brent, ambayo bei yake ni kigezo katika soko la dunia, yalipovuka dola 100 kwa pipa mwishoni mwa mwezi huo, ungedhani pipa ndilo lililoandamana. Sikatai kwamba mfereji ule una uzito wake, kwa kuwa meli zikikwama pale hata asiyeweza kuionyesha Misri kwenye ramani huumia mfukoni. Ila watu waliokesha uwanjani hadi Rais Hosni Mubarak alipong'oka tarehe 11 Februari walistahili kuulizwa walau swali moja kabla ya matangazo ya biashara.