Kidole changu na mfuniko wa chemba: toleo sahihi

Kabla hamjaiamini ile video aliyonirekodi rafiki yangu jana kidole kikiwa kimenasa, nisikilizeni mimi mwenye kidole.

Mnanijua. Wenzangu wanapiga picha machweo, mimi napiga mifuniko ya chemba. Jana nilikuwa namweleza huyo msaliti kwa nini mingi ni ya mviringo: duara uligeuze utakavyo, halitumbukii kwenye shimo lake. Mraba ukiusimamisha ukaupitisha kimshazari, unazama. Akapiga mwayo. Ningeishia hapo ningekuwa salama, lakini wapi. "Na hiki kitundu unakiona? Mafundi wanaingiza ndoano ya chuma, wanainua. Hivi."

Ile "hivi" ndiyo iliyoingia na kidole changu cha shahada.

Kuingia kiliingia kama kimealikwa. Nikavuta. Hakitoki. Nikacheka kidogo, kile kicheko cha mtu mzima anayejua anachofanya. Nikavuta tena, kifundo kikagonga ukingo wa chuma, nikakisikia kinaanza kuvimba, polepole, kama puto. Nimechuchumaa katikati ya njia ya waenda kwa miguu, makalio juu, watu wananikwepa kama dimbwi. Mzee mmoja akasimama, akaniinamia kwa upole.

"Mwanangu, umepoteza nini?"

"Kidole, mzee."

Akaanza kukitafuta.

Halafu kule chini, gizani, kitu kikanigusa ncha ya kidole. Cha baridi. Kina unyevu. Kikatulia. Kikanigusa tena. (Nyie mnaotaka kuniambia lilikuwa tone la maji, hamkuwepo.) Nikataka kusimama na mfuniko wake. Mifuniko ya chuma ya aina ile mingi inavuka kilo 50, kwa hiyo haikuchukua muda kujulikana nani kamshika nani.

Dada mmoja akatoa losheni kwenye mkoba, akamimina, nikachomoka. Nikashukuru, nikatimua mbio kwenda kushoto. Kwangu ni kulia.

Kuhusu video: sikulia. Macho yalitoa maji kwa sababu ya harufu. Na ile sauti inayoita "mama yangu weee" ni ya mpita njia.

Picha niliyoifuata sikuipata, mkono wa kupigia ulikuwa na kazi nyingine. Ila nimeona mwishoni mwa video mfuniko umetokea vizuri, nakshi zote. Anayeweza kunikata mimi akaubakiza wenyewe, anitumie.