Rufaa si kesi mpya

Kuna habari inayowalaumu majaji wa rufaa kwa kukataa kuwahoji upya mashahidi katika mgogoro wa mauziano ya mwani kati ya wakulima na mnunuzi wao huko Pemba. Kwa heshima, sikubaliani. Hakimu aliyewaona wakulima (wengi wao ni kina mama) na mnunuzi wao wakijibu maswali ana nafasi ambayo karatasi za mwenendo wa kesi haziwezi kuitoa, na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilikwishalieleza hilo mwaka 1958, katika shauri la Peters dhidi ya Sunday Post. Rufaa ya kwanza huruhusu ushahidi kupimwa upya. Ya pili haigusi mambo ya ushahidi ambayo mahakama mbili za chini zimekubaliana, ila ushahidi ukiwa umeeleweka vibaya au sheria imekiukwa. Tafsiri ya maandishi ya mkataba wa mauziano ni suala la sheria, si la ushahidi wa mashahidi, na hapo ndipo wakili wa kina mama hao angejenga hoja.